Freddie Mercury: Mzaliwa wa Unguja aliyeitikisa dunia

Na Mwandishi Wetu

HUENDA hakuna mzaliwa wa Unguja ambaye sauti yake imesikika duniani kuliko Freddie Mercury, na huenda hakuna aliyezungumza machache kuliko yeye kuhusu kisiwa hicho.

Alizaliwa Septemba 5, 1946, akapewa jina la Farrokh Bulsara. Wazazi wake, Bomi na Jer, walikuwa Waparsi wenye asili ya Gujarat, India, wafuasi wa dini ya Zoroasta iliyoanzia Uajemi ya kale. Mzee Bulsara alikuwa mtunza fedha katika serikali ya Waingereza, na familia iliishi Mji Mkongwe bila shida kubwa.

Akiwa na miaka minane alipelekwa shule ya bweni ya St. Peter's, Panchgani, nchini India. Huko alijifunza piano, akaunda bendi ya wanafunzi iliyoitwa The Hectics, na wenzake wakamzoea kwa jina la Freddie. Alirejea Unguja mwaka 1963, lakini hakukaa sana. Mapinduzi ya Januari 1964 yalipoiangusha serikali ya Sultani, familia nyingi za Kiarabu na za asili ya Asia zilikimbia kuokoa maisha. Akina Bulsara wakahamia Feltham, magharibi mwa London. Freddie alikuwa na miaka 17.

Ugenini hakupokewa na zulia jekundu. Alibeba mizigo katika uwanja wa ndege wa Heathrow, akasomea sanaa ya michoro katika Chuo cha Ealing hadi mwaka 1969, kisha akauza nguo sokoni Kensington pamoja na mpiga ngoma Roger Taylor. Mwaka 1970 wawili hao na mpiga gitaa Brian May waliunda kundi la Queen. Mpiga besi John Deacon alijiunga mwaka uliofuata. Jina la kundi na nembo yake vilibuniwa na Freddie, ambaye wakati huo ndipo alipoliacha jina la ukoo na kujiita Mercury.

Mwaka 1975 alitunga "Bohemian Rhapsody", kibao cha karibu dakika sita, wakati redio zilitaka nyimbo za dakika tatu hivi. Kinaanza taratibu, kinageuka opera, kisha magitaa yanalipuka. Kwa hesabu za kawaida kilistahili kushindwa. Kilikaa kileleni mwa chati za Uingereza kwa wiki tisa.

Sauti yake ilipanda na kushuka kwa urahisi wa ajabu. Alikuwa na meno manne ya ziada yaliyoyasukuma ya mbele nje, naye alikataa kuyang'oa akihofia kuipoteza sauti hiyo. Julai 13, 1985, katika tamasha la kuwachangia waathirika wa njaa ya Ethiopia, aliwaimbisha watu wapatao 72,000 uwanjani Wembley kwa dakika zipatazo 20. Wengi hadi leo huliita onyesho bora kuliko yote ya muziki wa roki.

Onyesho lake la mwisho na Queen lilifanyika Knebworth, Agosti 1986. Baada ya hapo alidhoofika, magazeti ya London yakamwinda mlangoni, naye akanyamaza. Ni rahisi leo kuulaumu ukimya huo, lakini zilikuwa zama ambazo hata huku kwetu maradhi hayo yalitajwa kwa mafumbo. Novemba 23, 1991 alitangaza kuwa ana Ukimwi. Kesho yake alifariki dunia, akiwa na miaka 45. Makasisi wa Kizoroasta waliongoza mazishi, na mwili wake ukachomwa.

Tamasha la kumkumbuka, Aprili 1992, lilizaa mfuko wa Mercury Phoenix Trust unaosaidia vita dhidi ya Ukimwi.

Nyumbani Zanzibar, urithi wake umezua mabishano. Mwaka 2006 sherehe iliyopangwa kuadhimisha miaka 60 tangu azaliwe iliahirishwa moja kwa moja baada ya kikundi cha Uamsho kupinga, kikisema maisha ya msanii huyo, aliyekuwa na uhusiano wa kimapenzi na wanaume, yanakwenda kinyume na maadili ya Kiislamu. Hata hivyo, nyumba zaidi ya moja Mji Mkongwe zimekuwa zikionyeshwa watalii kuwa ndiko alikoishi, na mwaka 2019 yakafunguliwa makumbusho ya Freddie Mercury, Shangani.