Mabingwa wa Sataranji: Mchezo Uwe Mtumishi, Usiwe Mfalme

Wazazi wengi wakimwona kijana ameinama juu ya ubao wa mchezo husema: «Huyu anapoteza siku zake bure.» Mara nyingi wana haki. Lakini wako watu ambao ubao uliwapeleka mbali, hata majina yao yakajulikana duniani kote. Na wako wengine ambao ubao huo huo uliwala. Leo twataka kuwasimulia wasomaji wetu wapenzi habari za wachache kati yao, ili wazazi na wanafunzi wapime wenyewe.

Mchezo tunaousema ni sataranji, ule ambao Wafaransa huuita «échecs». Ubao wake una vyumba 64, vyeupe na vyeusi. Kila mchezaji ana kete 16: mfalme, malkia, farasi, minara, askari wadogo, na nyinginezo. Anayemzingira mfalme wa mwenzake hata asiwe na pa kukimbilia, huyo ndiye mshindi. Hapa hakuna bahati kama katika karata. Kama vile katika kisolo chetu, ni akili na uvumilivu.

Watu wa Kanisa waliujua mchezo huu tangu zamani. Padri Ruy López, wa Hispania, alitoa kitabu juu yake mwaka 1561, na namna moja ya kuuanza yaitwa kwa jina lake hata leo. Naye Mtakatifu Teresa wa Avila, alipowafundisha masista wake kusali, alitwaa mfano katika sataranji: malkia anayeweza kumteka Mfalme wa mbinguni ni unyenyekevu.

Shirika la dunia la mchezo huo liliundwa Paris mwaka 1924. Mwaka 1950 likaanza kutoa cheo cha Bingwa Mkuu, na wa kwanza kukipokea walikuwa watu 27. Tuanze na mmoja wao.

Mwalimu wa hesabu

Max Euwe alizaliwa Uholanzi mwaka 1901. Alipata udaktari wa hesabu, akawa mwalimu katika shule ya wasichana mjini Amsterdam. Mwaka 1935 alipambana na Alekhine, bingwa wa dunia, mtu ambaye sataranji ilikuwa maisha yake yote. Walicheza mara 30, wakihama mji hata mji. Mwishoni mwalimu alishinda kwa alama 15 na nusu dhidi ya 14 na nusu.

Alekhine, aliyejulikana kwa kupenda pombe, aliomba warudiane. Euwe hakujificha wala hakutafuta visingizio. Walirudiana mwaka 1937, na safari hii Alekhine, aliyekuwa ameacha pombe, alikitwaa tena kiti chake. Wahenga wetu husema: mshika mawili, moja humponyoka. Ni kweli, ubingwa ulimponyoka Euwe. Lakini alibaki na elimu yake, jamaa yake na heshima ya watu wote. Alekhine alifariki mwaka 1946, peke yake katika chumba cha hoteli nchini Ureno. Euwe alichaguliwa kuwa mkuu wa shirika la sataranji la dunia, akaliongoza toka 1970 hata 1978.

Mpiga piano na kijana wa Brooklyn

Mark Taimanov, Mrusi, alikuwa na vipawa viwili: alikuwa Bingwa Mkuu wa sataranji, tena mpiga piano hodari mbele ya makutano makubwa. Mwaka 1971, huko Vancouver, alikutana na Mmarekani Bobby Fischer, akashindwa mara sita mfululizo, asipate hata sare moja. Aibu kama hiyo ilikuwa haijaonekana kati ya mabingwa wa cheo chake. Yasemekana alimwambia Fischer kwamba yeye bado anao muziki wake.

Aliporudi Moscow, wakaguzi walikuta katika mizigo yake kitabu cha Solzhenitsyn, mwandishi aliyechukiwa na serikali. Wakamnyima mshahara wake, wakamkataza kusafiri nchi za nje. Hata hivyo hakuvunjika. Alipona aibu ile, akaendelea kucheza na kupiga piano, na mwaka 2004, akiwa na miaka 78, alipata watoto mapacha! Alifariki mwaka 2016, amepita umri wa miaka 90.

Na yule mshindi? Fischer alikuwa Bingwa Mkuu tangu miaka 15, akaacha shule alipokuwa na miaka 16 ili awe wa sataranji tu. Mwaka 1972, mjini Reykjavik, alimshinda Spassky akawa bingwa wa dunia. Tusifiche ukweli: pengine asingepanda hata kilele kile kama asingetoa vyote. Lakini alipofika juu, hakuwa na kitu kingine cha kushika. Mwaka 1975 alikataa kuutetea ubingwa wake, akanyang'anywa. Kwa miaka ishirini hakucheza shindano lolote mbele ya watu. Alijaa maneno ya chuki, hata juu ya Wayahudi, taifa la mama yake mwenyewe. Alifungwa gerezani Japani, kisha nchi ya Iceland ikamhurumia, ikampa uraia. Alifariki huko mwaka 2008, akiwa na miaka 64, sawasawa na hesabu ya vyumba vya ubao. Padri Mkatoliki alimzika kando ya kanisa dogo la mashambani, na waombolezaji walikuwa wachache mno. Mungu amrehemu.

Aliyecheza ili ndugu wamsikie

Miguel Najdorf, Myahudi wa Poland, alikuwa Argentina kwa mashindano mwaka 1939 vita ilipoanza. Hakuweza kurudi. Nyuma alikuwa amewaacha mke, mtoto na wazazi. Mwaka 1947, mjini São Paulo, alicheza na watu 45 pamoja bila kuutazama ubao hata mmoja, akizishika kete zote katika kumbukumbu, karibu siku nzima mchana na usiku. Alishinda mara 39. Alitumaini kwamba magazeti yataeneza sifa hiyo, na ndugu aliyesalia popote Ulaya atasoma jina lake, ajue kwamba yu hai. Hakuitikiwa, waliokuwa wake walikuwa wameuawa. Hata hivyo, wasomaji, ni nani atakayesema kwamba mtu huyu alipoteza siku zake bure?

Kijana wa Ndola

Karibu na mpaka wetu wa Katanga, mjini Ndola, nchini Zambia, alizaliwa Amon Simutowe. Mwaka 2007 alishinda mashindano huko Arnhem, Uholanzi, na mashindano hayo yalichukua jina la yule mwalimu wa hesabu, Euwe. Mwaka 2009 akapewa cheo cha Bingwa Mkuu, wa kwanza katika Afrika iliyo kusini ya Sahara. Wala hakuacha shule kwa ajili ya ubao: alisoma chuo kikuu Marekani, kisha Oxford.

Basi, wazazi, msivunje ubao wa mtoto wenu. Keti naye, ujifunze mchezo wake, na umwekee saa yake: baada ya masomo, baada ya kazi ya nyumbani, baada ya sala. Nawe mwanafunzi unayeshinda wenzako wote darasani, jiulize jambo moja: siku nitakaposhindwa mara sita mfululizo, nitabaki na nini? Anayeweza kujibu swali hilo aucheze mchezo wake kwa furaha.