Siuzi, Najengea

Mtu wa Mtinko, wilayani Singida, anayetafuta boriti huanza na utetezi huu: siuzi, najengea. Jirani atamwelewa. Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 ina maswali mengine ya kumuuliza kwanza: mti umesimama kwenye ardhi ya nani, na ni mti gani? Mti wa msitu wa hifadhi wa taifa au wa halmashauri haukatwi bila kibali. Tena Waziri anaweza kutangaza aina fulani ya mti kuwa ya kuhifadhiwa, ukawa hauguswi bila ruhusa hata nje ya hifadhi.

Na ujenzi wa huko Unyaturu haukuwahi kubana matumizi ya miti. Tembe hubeba paa bapa la udongo, na udongo ule mzito wote hukaa juu ya nguzo na mapau. Bati limepunguza uzito, lakini kenchi bado ni mti.

Nani basi atoe ruhusa? Jibu ninaloliamini lipo wilaya hiyohiyo ya Singida, upande wa mashariki, katika msitu wa miombo wa Mgori. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 Serikali ilikusudia kuufanya hifadhi yake. Badala yake, kufikia mwaka 1995, hekta zipatazo 40,000 zilikuwa chini ya vijiji vitano, kila kijiji na sehemu yake, sheria ndogo zake, kamati na walinzi wake. Mwanakijiji mwenye shida ya nguzo akawa anaomba kwao, kwa watu wanaojua kama kweli ana nyumba anayoijenga.

Mtaniambia mwenyekiti naye ana mashemeji. Anao, na upendeleo upo. Lakini mwenye kuidhinisha huko atapita kesho penye kisiki akifuata ng'ombe wake, na majirani watakihesabu pamoja naye. Mwenye muhuri aliye mbali hukutana na makaratasi tu.

Basi fundi asitangulie na shoka. Mwenye nyumba aende serikali ya kijiji, aseme aina ya mti, idadi na mahali ulipo. Kama eneo si la kijiji, ataelekezwa kwa afisa misitu. Na akiamua baadaye kuzipakia boriti zilezile kwenye lori kwenda kuuza Singida mjini, ruhusa ya kujengea haimvushi kizuizi cha barabarani. Huko ataulizwa hati ya kusafirishia mazao ya misitu.