Mhariri wa Filamu Naye ni Mtunzi: Nadia Ben Rachid na Vuta N'kuvute

Sisi wanafunzi wa fasihi tukihakiki riwaya tunauliza nani kaandika. Tukihakiki filamu tunauliza nani kaongoza, basi, tunafunga daftari. Yuko msanii mwingine tunayempita kila siku bila ya salamu, naye ni mhariri. Katika makala haya nitajaribu kueleza kazi yake kwa kumtazama Nadia Ben Rachid, Mtunisia aliyehariri Vuta N'kuvute, filamu ya Amil Shivji iliyoonyeshwa kwanza Toronto mwaka 2021.

Kwanza tuelewane. Mhariri hapunguzi urefu tu. Anapokea picha za masaa mengi, tukio moja limepigwa mara kadhaa, na yeye ndiye anayepanga ipi ibaki, ianzie wapi, ikatwe wapi na ifuatwe na nini. Hebu chukua uso wa mwanamke aliye dirishani. Ukifuatiwa na picha ya kijana anayepita njiani, tutasema anampenda. Ukifuatiwa na picha ya askari, tutasema anaogopa. Uso ni uleule! Maana imezaliwa pale picha mbili zilipokutana. Mrusi Lev Kuleshov alilionyesha jambo hili tangu zama za filamu zisizo na sauti. Kwa lugha yetu ya darasani, huo ni muundo, na muundo ni fani.

Ben Rachid alijenga jina lake khasa kwa kufanya kazi na Abderrahmane Sissako wa Mauritania: La Vie sur terre (1998), Heremakono (2002), Bamako (2006) na Timbuktu (2014), iliyompatia tuzo ya César ya uhariri huko Ufaransa mwaka 2015. Katika Bamako, Benki ya Dunia na Shirika la Fedha la Kimataifa zinashitakiwa uani, katikati ya nyumba za watu. Mawakili wanahutubia, na papo hapo wanawake wanatia nguo rangi na harusi inapita. Hotuba ingeachwa iende mfululizo, tungesinzia. Inakatwa, tunaoneshwa maisha yanayozungumzwa, kisha tunarudishwa kwenye kesi. Siasa na uani zinakuwa kitu kimoja.

Sasa turudi kwetu. Riwaya ya Shafi Adam Shafi, iliyotoka mwaka 1999, nayo inafunga siasa na mapenzi kwenye kamba moja: Yasmin anayemkimbia mume mzee, Mwajuma anayempokea Ng'ambo, na Denge anayepambana na ukoloni. Kitabu kina nafasi ya kutupeleka huku na huku. Filamu ina kama saa moja na nusu. Kwa hiyo swali la "je, filamu imefuata kitabu?" ni swali jepesi mno. Tuulize: kilichobaki kimewekwa jirani na nini, na kimepewa muda gani? Sisemi kwamba yote ni ya mhariri. Shivji na Jenna Bass ndio walioandika muswada, na mwongozaji ana neno lake. Lakini mapigo ya moyo wa filamu hupimwa kwenye meza ya uhariri.

Kwa nini nashikilia jambo hili? Mimi ni mkaazi wa Michenzani. Majumba yetu haya marefu yalijengwa baada ya Mapinduzi ya 1964 kwa msaada wa Ujerumani Mashariki, na nyumba nyingi za Ng'ambo ya zamani zikavunjwa kuyapisha. Ng'ambo ya miaka ya 1950 haipo tena ya kwenda kuiangalia kwa macho. Kijana wa leo ataijua kwa masimulizi ya wazee, kwa kitabu, na zaidi, nadhani, kwa filamu. Basi aliyeamua picha ipi ibaki na ipi itupwe amechangia kutuamulia kumbukumbu yetu. Mtu wa namna hiyo hawezi kuachwa nje ya uhakiki. Wenzangu, tunapoandika juu ya filamu, jina la mhariri lipewe aya yake, na kazi yake ihojiwe kama tunavyomhoji mwandishi.