Latour-de-Carol: Stesheni Moja, Reli za Vipimo Vitatu

Latour-de-Carol ni kijiji cha milimani kusini mwa Ufaransa, jirani na mpaka wa Hispania. Stesheni yake, iliyo katika ardhi ya kijiji kingine, Enveitg, ina upekee wake: reli za vipimo vitatu zinakutana hapo.

Ya Toulouse ina upana wa milimita 1,435, sawa na SGR ya Kenya na Tanzania. Ya Barcelona ni milimita 1,668. Ya tatu ni mita moja tu, kama reli kongwe ya Mombasa hadi Uganda. Ndiyo njia ya treni iitwayo Treni ya Manjano, iliyofika hapa mwaka 1927. Njia ya Toulouse hadi Barcelona, inayovuka milima ya Pirenei, ilizinduliwa 1929.

Kwa kuwa vipimo vinatofautiana, hakuna behewa linalopitiliza. Abiria wa Barcelona aliyelala katika treni ya usiku kutoka Paris hushuka hapa, akaburuta sanduku lake na kupanda treni nyingine.

Lakini utamu wenyewe ni Treni ya Manjano. Huvuta umeme kutoka chuma cha tatu kilicholazwa kando ya reli, hupanda hadi Bolquère-Eyne, karibu mita 1,600 juu ya usawa wa bahari, kisha huteremka mpaka Villefranche. Majira ya joto huongezewa mabehewa yasiyo na paa, na abiria huyagombania.