ISIMU-KOMPYUTA: MAELEZO KWA WANAFUNZI NA WAZEE

Miongoni mwa masomo ya vyuo vikuu ambayo wanafunzi na wazee wa Unguja na Pemba aghalabu huyasikia kwa jina tu ni somo la isimu-kompyuta. Wapo wanaodhani kuwa ni kujifunza kupiga chapa, na wapo wanaodhani kuwa ni kozi ya lugha iliyovishwa jina la kisasa. Dhana zote mbili si sahihi. Kwa kuwa mlango wa somo hili huweza kufungwa tangu mwanafunzi anapochagua mchepuo wa Kidato cha Tano, ni vyema likaelezwa mapema.

Isimu-kompyuta ni taaluma inayochunguza namna lugha ya binadamu inavyoweza kuchambuliwa na kutumiwa na mashine ambayo haikulelewa katika lugha yoyote. Mswahili akisikia "wanakupa" na "wanakula" hababaiki. Mashine hubabaika, kwani katika neno la kwanza "ku" ni mtu anayepewa, ilhali katika la pili si mtu. Imewekwa kwa sababu mzizi wa kitenzi ni mfupi mno. Neno "wametukana" ni gumu zaidi. Huenda watu hao wametoa matusi, na huenda wametukana sisi, yaani wamesema hawatujui. Kinachoamua ni maneno yaliyolizunguka, na mashine inayotafsiri maelezo ya shahidi ikikosea hapo haikukosea jambo dogo.

Wala haiwezekani kuyaorodhesha maneno yote na kumaliza kazi. Chukua nafsi 6 na njeo 4 tu, yaani na, li, ta na me. Tayari kitenzi "pika" kina maumbo 24. Ongeza pikia, pikwa, pikika, pikisha na pikiana, yanakuwa 144, na bado havijaguswa vikanushi wala viambishi vya mtendwa. Ndiyo maana huandikwa kanuni badala ya orodha. Mwaka 1983 Kimmo Koskenniemi wa Chuo Kikuu cha Helsinki, Finland, alibuni kanuni za ngazi mbili: katika ngazi ya ndani neno ni "mu-alimu", katika ngazi ya nje ni "mwalimu", na mashine huweza kwenda na kurudi baina ya ngazi hizo. Arvi Hurskainen wa chuo hicho hicho alizitumia kanuni hizo kwa Kiswahili, akachapisha maelezo yake mwaka 1992. Kazi hiyo ilikua hadi kuwa mfumo unaoitwa SALAMA.

Fikra ya kuihesabu lugha si ngeni kwa waliosoma Kiarabu. Al-Khalil bin Ahmad, mwanachuoni wa karne ya 8 mwenye asili ya Oman, alikusudia katika kamusi yake kuipitia mizizi yote inayoweza kuundwa kwa herufi za Kiarabu, kisha kutenga inayotumika na isiyotumika. Kwa herufi 28, mizizi ya herufi tatu zisizojirudia ni 19,656. Alifanya hayo kwa kalamu.

Tangu miaka ya 1990 kazi kubwa imehamia kwenye takwimu: mashine husomeshwa matini nyingi na kujifunza yenyewe lipi hufuatana na lipi. Hapa ndipo visiwa vyetu vinapohusika moja kwa moja. Kiswahili sanifu kilijengwa juu ya lahaja ya Kiunguja cha mjini, kwa uamuzi wa mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928, na matini zilizopo ni za magazeti na vitabu kwa wingi. Kikae cha Makunduchi, Kitumbatu na Kipemba havikuandikwa sana. Matokeo yake, neno analolitumia bibi wa Micheweni kila siku huweza kupigiwa mstari mwekundu kana kwamba ni kosa. Mashine haiwezi kulaumiwa kwa asichofundishwa nayo mtu yeyote. Anayeweza kuirekebisha ni mtu anayeijua lahaja na pia anaijua programu, na watu wa namna hiyo ni wachache.

Masomo yenyewe yana pande mbili. Upande wa lugha kuna fonolojia, mofolojia na sintaksia. Upande wa pili kuna uandishi wa programu, mantiki na hisabati, hasa ya uwezekano. Mwanafunzi wa HKL huiaga hisabati akiwa Kidato cha Nne, na baadaye hupata tabu kubwa, ijapokuwa si tabu isiyotatulika. Vyuo kama vile Edinburgh, Uingereza, na Stuttgart, Ujerumani, huifundisha taaluma hii katika shahada ya uzamili. Kwa hapa kwetu njia ya kawaida ni kuanza na shahada ya kwanza ya Kiswahili, ya isimu au ya kompyuta, na kuchukua masomo ya upande wa pili kadiri chuo kinavyoruhusu.

Lugha ya programu ya Python hupatikana bila ya malipo, na yaweza kusomwa nyumbani wakati wa kusubiri matokeo ya Kidato cha Sita. Zoezi zuri la kuanzia ni kuandika programu itakayopokea neno "wametukana" na kutoa maana zake zote mbili.