Gemu za Bure za Siku za Majaribio: Ipi Yako, Ipi ya Kuazima?

Jumamosi moja mwalimu wa Ediofe aliingia karakanani kwangu mjini Arua akiwa amekumbatia PlayStation 4 ya mtumba. Alikuwa amemnunulia mwanawe kama zawadi ya kufaulu mtihani. "Fundi," aliniambia, "kijana amesoma kwamba ukijaribu usajili wa gemu kwa siku chache unapewa gemu za bure. Tumetafuta mpaka usiku wa manane hatuzioni. Wamezificha wapi?"

Nikaichomeka mashine kwenye televisheni. Gemu zilikuwapo, tena nyingi, picha zake zimejipanga mstari mzima. Lakini kila picha ilikuwa na alama ndogo ya kufuli pembeni. Mwenye mashine wa kwanza alizichukua zamani alipokuwa analipia usajili. Alipoacha kulipa zikafungwa, na akaunti yake ikauzwa pamoja na mashine. Akaunti iliyokwisha kulipiwa namna hiyo kwa kawaida haipewi tena siku za majaribio. Ndiyo maana baba na mwana walitafuta ofa wasiione.

Kufuli lile dogo ndilo somo langu leo. Neno "bure" katika biashara ya gemu lina maana zaidi ya moja, na mzazi asiyezitofautisha atalipia asichokijua.

Tuanze na chimbuko lake. Microsoft ilifungua huduma ya Xbox Live mwezi Novemba 2002, na mchezaji alilipia ili ashindane na wenzake kwa njia ya intaneti. Sony ilikuja na PlayStation Plus mwezi Juni 2010. Watu hawapendi kulipa kila mwezi kwa kitu wasichokishika mkononi, kwa hiyo kampuni zikaongeza kivutio: lipa usajili, nasi tutakupa gemu kadhaa kila mwezi bila malipo mengine. Microsoft iliiga mwaka 2013 kwa mpango wa Games with Gold, kisha Juni 2017 ikaanzisha Game Pass, maktaba nzima ya gemu kwa ada moja. Juni 2022 Sony nayo iliugawa usajili wake katika ngazi tatu: Essential, Extra na Premium. Septemba 2023 Games with Gold ikafungwa na nafasi yake ikachukuliwa na Game Pass Core, ambayo baadaye nayo ilibadilishwa jina. Anayetumia maelezo ya miaka mitano iliyopita atatafuta mlango uliokwisha kuzibwa.

Siku za majaribio ni usajili huohuo, ila umefunguliwa kwa muda mfupi: siku saba, siku kumi na nne, au muda mwingine kampuni itakavyopanga. Nintendo, kwa mfano, imekuwa ikitoa siku saba kwa Switch Online, mara moja tu kwa kila akaunti. Sony na Microsoft hutoa ofa na kuziondoa kulingana na nchi na msimu. Ukishaingia, utakutana na rafu tatu ambazo kwa macho zinafanana.

Rafu ya kwanza ni ya gemu za mwezi. Kwenye PlayStation Plus kwa kawaida huwekwa mpya Jumanne ya kwanza ya mwezi, na zile za zamani huondoka siku hiyohiyo. Hizi hazijileti zenyewe. Ni lazima ufungue ukurasa wa PlayStation Plus kwenye mashine, uingie kwenye gemu za mwezi, ubonyeze kitufe cha kuongeza kwenye maktaba yako. Hapa wengi hukosea wakidhani kuongeza ni kupakua. Kuongeza ni kuandikisha jina lako tu. Hakuli bando lolote la maana, na unaweza kufanya hivyo kwa simu kupitia programu ya PlayStation hata mashine ikiwa imezimwa. Kupakua utafanya siku nyingine, ukiwa na intaneti ya kutosha. Asiyeandikisha kabla gemu haijaondoka, imempita.

Rafu ya pili ni katalogi kubwa, yaani Game Pass kwa upande wa Xbox, na ngazi za Extra na Premium kwa upande wa PlayStation. Humo mna mamia ya gemu, lakini ni za maktaba kwa maana halisi: leo kitabu kipo, kesho kimerudishwa kwa mwenyewe. Gemu ikiondolewa kwenye katalogi, humwondoka hata yule anayelipa bila kukosa. Kumbuka pia kwamba si majaribio yote yanayofungua rafu hii. Majaribio ya ngazi ya chini hufungua vitu vya ngazi ya chini tu. Soma jina la ngazi kabla ya kulalamika kwamba gemu uliyosifiwa haipo.

Rafu ya tatu ni ya gemu za bure kwa kila mtu, anayelipa na asiyelipa. Fortnite iko humo. Rocket League iliingia Septemba 2020. eFootball, gemu ya mpira iliyochukua nafasi ya PES, imekuwa ya bure tangu ilipotoka Septemba 2021. Kwenye PlayStation gemu za aina hii kwa kawaida huchezwa mtandaoni bila PlayStation Plus, na Microsoft iliondoa sharti kama hilo kwenye Xbox mwezi Aprili 2021. Kuanzisha siku za majaribio kwa ajili ya gemu za rafu hii ni kununua maji ilhali kisima kiko uani. Jihadhari tu na duka lililo ndani ya gemu zenyewe, ambamo nguo za wachezaji na vikorombwezo vingine huuzwa kwa fedha halisi. Kwa mtoto, duka hilo lifungwe kwa nenosiri la mzazi.

Kuna na kitu cha nne kinachowachanganya watu. Ngazi ya Premium ya PlayStation ina gemu za kuonja: unapewa gemu kamili kwa saa chache, muda ukiisha hufungwa mpaka uinunue. Ukiona saa zimeandikwa kando ya jina la gemu, jua umepewa kijiko cha kuonjea, chungu bado ni cha mwenyewe.

Sasa turudi kwenye kufuli, ambalo ni jambo la kwanza la kuzingatia. Siku za majaribio zikiisha, gemu za mwezi ulizoandikisha hubaki kwenye orodha yako lakini hufungwa. Ukilipa siku yoyote baadaye kwa akaunti ileile, hufunguka tena. Mfano mzuri ni mkusanyiko wa gemu 20 hivi ambao Sony iliwapa wenye PlayStation 5 tangu Novemba 2020, God of War na Bloodborne zikiwemo. Mkusanyiko huo uliondolewa tarehe 9 Mei 2023. Waliokuwa wameandikisha waliendelea kucheza kadiri walivyolipia usajili; walioahirisha walikosa. Kwenye Xbox kulikuwa na tofauti ya kupendeza: gemu za Xbox 360 zilizochukuliwa kwa Games with Gold zilibaki za mchezaji hata alipoacha kulipa, lakini za Xbox One hufungwa usajili ukifa. Wazee walisema nguo ya kuazima haisitiri maungo. Gemu ya majaribio ni nguo ya kuazima. Ivae, ufurahi, lakini usiitupe yako.

Jambo la pili linatuhusu moja kwa moja sisi wa Arua na eneo zima la West Nile hapa Uganda. Uganda haimo kwenye orodha ya nchi zinazohudumiwa rasmi na mtandao wa PlayStation; kusini mwa Sahara ni Afrika Kusini tu iliyomo. Wengi walilijua hili Mei 2024, pale Sony ilipotaka wachezaji wa Helldivers 2 kwenye kompyuta waunganishe akaunti za PlayStation. Gemu hiyo iliondolewa kwenye duka la Steam katika nchi zaidi ya 170 zisizo na huduma hiyo. Siku chache tu baadaye Sony ililiondoa sharti hilo kwa kelele za wachezaji, lakini ukweli wa ramani ulikuwa umeonekana.

Kwa sababu hiyo, vijana wengi hapa hufungua akaunti kwa jina la nchi nyingine. Ni wajibu wangu kuwaeleza matokeo yake. Kuandika nchi usiyoishi ni kinyume cha masharti ya kampuni, na akaunti inaweza kufungwa pamoja na kila ulichonunua. Nchi ya akaunti ya PlayStation haibadilishwi baadaye. Kadi za zawadi za duka la nchi moja hazikubaliki kwenye duka la nchi nyingine, na kadi ya benki ya Kampala mara nyingi hukataliwa na duka la ng'ambo. Ofa ya siku za majaribio nayo hufuata nchi ya akaunti. Kwa hiyo, jirani yako mwenye akaunti ya nchi nyingine anaweza kuiona, wewe usiione, na mashine zenu ni za aina moja.

Jambo la tatu ni bando. Gemu kubwa za siku hizi hufika gigabaiti 50, nyingine hupita 100. Chukua gemu ya gigabaiti 50 na intaneti ya simu inayokwenda megabiti 5 kwa sekunde: utahitaji saa 22 za kupakua bila kusimama. Tangu Julai 2021, serikali ilipoondoa ile kodi ya kila siku ya mitandao ya kijamii, bando la intaneti nchini Uganda limebeba ushuru wa asilimia 12, mbali na kodi ya ongezeko la thamani. Piga hesabu kwa bei ya mtandao wako: mara nyingi bando la gemu moja kubwa ya "bure" hukaribia bei ya diski ya mtumba ya gemu nzuri. Na diski, ukiichoka, unaiuza. Umeme umekuwa afadhali tangu West Nile ilipounganishwa na gridi ya taifa mwaka 2024, na kukatika kwake hakupotezi kazi yote, kwa kuwa upakuaji huendelea pale ulipoishia. Bando likiisha ndipo kazi husimama.

Kwa hiyo mwenye siku saba asianze kwa kupakua. Siku ya kwanza na aandikishe gemu zote za mwezi. Kisha afungue kila gemu asome ukubwa wake, achague mbili au tatu ndogo. Kuna gemu nzuri sana, kazi za watayarishaji wadogo, zisizofika gigabaiti 5. Hizo atazimaliza kabla siku hazijaisha. Ile kubwa itamalizika kupakuliwa siku ambayo kufuli linashuka.

Jambo la nne ni kadi. Kwa kawaida majaribio hudai namba ya kadi ya benki kabla ya kufunguliwa, na siku zikiisha usajili hujiendeleza wenyewe: fedha hukatwa bila kukuuliza tena. Mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Lakini mgeni huyu usipomtoa mwenyewe, atakaa na kula akiba yako kila mwezi. Dawa yake ni moja. Siku ileile ya kwanza ingia kwenye mipangilio ya akaunti, sehemu ya usajili, uzime kujiendeleza. Kwa kawaida siku zilizobaki hubaki zako. Ujumbe wa kuthibitisha uuhifadhi.

Kwa wenye vibanda vya gemu, neno fupi. PlayStation 3 haijapata gemu za mwezi tangu Machi 2019, kwa hiyo anayekuuzia usajili kwa ajili ya mashine hiyo anakuuzia hewa. Na kuanzia Januari 2026 Sony imeelekeza gemu zake za mwezi kwa PlayStation 5. Za PlayStation 4 si ahadi tena.

Turudi kwa mwalimu wangu na mwanawe. Tulifuta akaunti ya mwenye mashine wa zamani pamoja na zile picha zenye kufuli. Niliwaeleza yote niliyoyaandika hapa, wakaamua wenyewe kuacha habari ya majaribio. Kwa fedha waliyokuwa wameitenga kwa bando, walinunua sokoni diski mbili zilizotumika.

Mzazi mwenzangu, siku mtoto atakapokuja na habari ya gemu za bure, usimfukuze wala usimpe kadi. Keti naye mbele ya skrini mjibu pamoja maswali matatu: siku zikiisha, gemu itabaki au itafungwa? Bando la kuipakua ni kiasi gani? Na kadi itakayokatwa ni ya nani? Mtoto akiweza kuyajibu yote matatu, mruhusu ajaribu.