Mapipa arobaini ya mazuti

Kwenye dashibodi ya Land Cruiser iliyopandishwa juu ya magogo katika garaji moja ya Kasongo, taa moja tu ilikuwa imefunikwa kwa plasta ya hospitali. Haikuwa ya oili wala ya betri. Ilikuwa ile iliyoandikwa T-BELT. Nilikuwa nimefika pale kuulizia nauli za kwenda Kabambare, na fundi, mzee ambaye wateja wake wote humwita papa, alinijibu bila kutoa mikono ndani ya injini. Nikamwuliza plasta ni ya nini.

“Ile taa inadanganya dereva, mutoto yangu,” akasema. “Haijue kitu.”

Nauli zikasahaulika.

Waliowahi kuendesha Toyota za dizeli wanaifahamu taa hiyo. Huwaka kilometa zinapotimia 100,000 (kuna magari yaliyopangiwa 150,000), kumkumbusha mwenye gari kwamba mkanda wa taimingi umefikia muda wa kubadilishwa. Wengi huamini kwamba huko ndani kuna kitu kinachoupima mkanda, kinachohisi ulegevu wake au meno yanayoanza kuliwa. Hakuna. Taa imefungwa kwenye hesabu ya kilometa, basi. Mkanda mpya ukishawekwa, fundi ndiye anayeirudisha taa kwenye mwanzo kwa mkono wake: katika baadhi ya magari anachomoa kizibo kidogo cha mpira kwenye uso wa kipimo cha mwendo na kusukuma kwa kijiti chembamba, katika mengine anatoa skrubu iliyo nyuma ya kipimo na kuihamishia tundu la jirani. Mtu mwenye kijiti lakini asiye na mkanda mpya ataizima vilevile. Kwa hiyo anayenunua gari la mkono wa pili na kuambiwa “taa haiwaki, mkanda ni mzima” hajaambiwa lolote.

Injini yenyewe ni ile ambayo misheni, hospitali na mashirika ya huku yameifanya kuwa mguu wao: 1HZ, silinda sita, lita 4.2, iliyoingia kwenye Land Cruiser mwaka 1990. Mkanda wake ni mfupi, uko mbele nyuma ya kifuniko, na kuubadilisha si kazi ya kumtoa fundi jasho. Kazi ya mkanda ni kuizungusha kamshafti kwa nusu ya mwendo wa krenki, bila kupishana nayo, ili valvu zifunguke na kufungwa pistoni zikiwa mahali panapofaa. Katika dizeli hii hewa hubanwa zaidi ya mara 22. Pistoni inapofika juu, nafasi iliyobaki ni finyu mno, na valvu haitakiwi kukutwa hapo.

“Pistoni inapanda, valvu imesharudi nyumbani,” fundi anaeleza, ngumi moja ikipanda na vidole vya mkono wa pili vikirudi nyuma. “Kurwa ikikatika, valvu inabaki pale pale inje. Na pistoni haingoje mutu.”

Kurwa ndiyo jina la mkanda katika garaji za huku. Ngumi yake ikagonga vidole. Valvu zimepinda, pengine pistoni nayo imepata jeraha, kulasi, yaani kichwa cha injini, lazima ifunguliwe. Jambo linalomtisha zaidi ni kwamba haya yote huja kimya. Beringi inayokufa hulia, injini iliyochoka hutoa moshi, radieta inayovuja huacha alama chini. Mkanda unaweza kuvuta mzigo asubuhi nzima na kukatika mchana bila kumpa dereva dakika moja ya kujiuliza. Injini inazimika, na kila atakapojaribu kuiwasha anaongeza hasara.

Sasa mchukue dereva huyo umweke kwenye barabara za upande wa Lusangi na Kabambare. Sina haja ya kuwaeleza wasomaji wa Maniema barabara hizo. Gea ya kwanza, gea ya pili, tope, daraja la magogo, kushuka kukagua daraja, kupanda tena. Gari likingojea lori lililokwama mbele, dereva hazimi injini, kwa sababu betri ni ya zamani na hakuna wa kusukuma gari ndani ya tope. Kilometa hazisogei. Mkanda unazunguka.

Hesabu yake ni rahisi, na ilinishangaza kwamba sikuwahi kusikia mtu akiifanya. Kilometa 100,000 kwa mwendo wa 80 kwa saa, kama kwenye lami, ni saa 1,250 za injini. Kilometa zile zile kwa mwendo wa 15 ni saa zaidi ya 6,600. Na katika gea ndogo injini haizunguki polepole kwa sababu gari linakwenda polepole. Mizunguko yake kwa dakika haiko mbali na ile ya lami. Mkanda wa Lusangi, taa ikiwaka kwa mara ya kwanza, unaweza kuwa umefanya kazi ya mikanda mitano. Hapo ni kama taa itawaka.

Kwa gari hili isingewaka kamwe. Kipimo cha kilometa, konteri kama wanavyosema hapa, huzungushwa na waya unaotoka kwenye giaboksi, na waya huo ulikatika zamani. Konteri imesimama kwenye elfu arobaini na kitu. Dereva mpya alipopewa gari hili aliona namba hiyo akafurahi kupewa gari changa.

Ndipo fundi akafuta mikono, akaingia chumba cha nyuma na kurudi na daftari la shule, lile la karatasi mia, limevalishwa gamba la kalenda ya zamani. Nilitegemea kuona kilometa. Hakuna hata moja. Kila mstari una tarehe, jina la dereva na idadi ya bidoni za mazuti, yaani dizeli, zilizomiminwa kwenye tangi. Bidoni ni lita 20. Zikitimia kumi, anachora mstari mmoja mnene kwa biki nyekundu pembeni: pipa moja. Mapipa matano yakitimia anafungua kifuniko na kuutazama mkanda kwa tochi, kisha anaandika alichokiona kwa neno moja au mawili. “Muzuri.” “Muzuri.” “Tope kidogo.” “Oili kwa sili.” Ukurasa baada ya ukurasa, kwa mwandiko ule ule uliosimama wima, magari manne, kila gari na kurasa zake. Mkanda mpya unapoingia, anachora mstari kukata ukurasa wote na kuanza upya na pipa la kwanza. Tarehe ile ile huiandika pia kwa rangi ya mafuta upande wa ndani wa kifuniko cha mkanda, ili fundi mwingine akifungua hata huko Kindu aisome bila kumwuliza mtu.

Wazo lake ni hili. Injini haiwezi kuzunguka bila kula. Konteri inaweza kukatika waya, inaweza kurudishwa nyuma na mwuzaji, lakini tangi lazima lijazwe. Alianza na kilichoandikwa: kilometa 100,000, na gari la aina hii kwenye njia nzuri linakunywa kama lita 12 kwa kila kilometa mia. Hiyo ni lita 12,000. Mapipa sitini. Miaka ya mwanzo alifuata sitini.

“Kisha nikakata,” anasema. “Sasa ni arobaini.”

Kwa nini arobaini? Kwa sababu, anaeleza, injini inayonguruma bila kwenda inakunywa kidogo lakini kurwa haipumziki. Lita moja ya kusimama inazungusha mkanda mara nyingi kuliko lita moja ya kupanda mlima. Kwa hiyo mapipa nayo yanadanganya kidogo, upande ule ule inakodanganyia taa. Alichofanya ni kupunguza theluthi moja na kuomba Mungu. Namba arobaini haimo katika kitabu chochote cha Toyota, na nilipoipigia hesabu mwenyewe niliona kwamba kwa gari lisilotoka kwenye tope hata arobaini ni nyingi. Nilimwambia. Hakubisha. Alisema mikanda anayoitoa kwenye pipa la arobaini huikunja kidogo mwangani kutafuta nyufa kwenye mizizi ya meno, na hajakuta wa kumtisha bado. Huo ndio ushahidi alio nao.

Kuna dosari nyingine, na hii ilimchekesha kabla hajaimaliza. Si mazuti yote yanayoandikwa daftarini yanafika kwenye injini. Bidoni hupotea njiani, kila mtu anajua zinavyopotea. “Yaliyouzwa hayazungushi kurwa, lakini mimi nimeyahesabu.” Maana yake ni kwamba dereva mwizi anabadilishiwa mkanda mapema kuliko dereva mwaminifu, na gari lake liko salama zaidi.

Kipimo cha haki kingekuwa saa ya injini, ile inayofungwa kwenye matrekta na jenereta. Jenereta inayolala chini ya paa inahesabiwa kila saa inayofanya kazi. Gari linalobeba mama mwenye uchungu usiku kutoka kijijini linahesabiwa kwa waya uliokatika. Kifaa hicho ni kidogo na si ghali. Kwa nini hakifungwi? Fundi hana jibu, na mimi sikumpata wa kunijibu.

Mkanda haufi kwa mizunguko peke yake. Ni mpira uliofunika nyuzi za kioo, na mpira huzeeka hata ukiwa umelala dukani, ndiyo maana watengenezaji wengi huweka kikomo cha miaka pamoja na cha kilometa. Oili inayovuja kwenye sili huulainisha na kuuvimbisha. Tope lililopenya nyuma ya kifuniko husaga meno. Nyuzi za kioo hazivutiki, jambo zuri, lakini hazipendi kukunjwa kwa nguvu: mkanda mpya uliosafiri umekunjwa chini ya mfuko wa chumvi umeshaumia kabla ya kufungwa, na kwa macho hutauona. Anayebadilisha mkanda na kuacha beringi ya kikaza na sili ya zamani anafanya nusu ya kazi. Kabla ya kuwasha, fundi huyu huizungusha injini kwa spana, duru mbili kamili, na alama zisiporudi mahali pake anafungua upya. Hapo hana mzaha. Niliona akimnyang’anya mwanafunzi wake ufunguo wa gari.

Mikanda yenyewe anaipata wapi? Zamani Bukavu. Tangu waasi wa M23 waingie Bukavu Februari 2025 anatazama zaidi Lubumbashi, kwa reli hadi Kindu, na reli hiyo ina saa zake. Ya bandia imejaa. Anaijua kwa harufu, anasema, na kwa maandishi yanayofutika kwa kidole chenye mazuti. Maandishi ninakubali.

Wenye magari madogo wasitishike na haya yote. Injini ya 1NZ iliyomo ndani ya Vitz na Probox nyingi ina cheni, na anayekutoza fedha ya mkanda wa taimingi kwa gari hilo anakuibia. Baadhi ya Corolla za zamani, zile za 4A-FE, zina mkanda, lakini ukikatika valvu na pistoni hazifikiani: unasukuma gari, unafunga mwingine, unaendelea. Lori nyingi za njia hii zina meno ya chuma, hazina mkanda.

Meno ya chuma ndiyo fundi anayoyalilia. Alijifunzia kazi kwenye 2H, dizeli iliyokuwa ndani ya Land Cruiser kabla ya 1HZ, iliyozungusha kila kitu kwa gia ndani ya oili, bila mpira wowote wa kukumbuka. Wahandisi walikuwa na sababu za kuhama: mkanda ni mwepesi, hauna kelele, hauhitaji oili, na unafika juu kwenye kamshafti bila msururu wa gia. Mpira wa meno haukutokea hata kwenye gari. Ulibuniwa Marekani katika miaka ya 1940 kwa ajili ya cherehani, ili sindano na bobini zikutane kwa wakati kila mshono, na ukaingia kwenye gari la kuuzwa madukani mwaka 1962, Ujerumani, katika Glas 1004. Nilipomsimulia, fundi alisema cherehani ikikatika mkanda, fundi nguo hatembei usiku msituni. Sikuwa na la kujibu.

Gari lililo juu ya magogo limefika pipa la 38. Kuomba kipuri huchukua miezi, kwa hiyo fomu lazima ijazwe sasa. Fomu inatoka mbali, kwenye ofisi ya wafadhili, na ina safu ya kilometa zilizotembewa tangu mkanda wa mwisho. Chini ya 100,000 ombi hurudishwa. Safu ya mapipa haipo. Safari iliyopita aliambatisha kurasa za daftari na maelezo kwa Kifaransa. Zikarudi na fomu, zimeandikwa kwamba hazihusiki.

“Utaandika nini, papa?”

“Laki moja.”

“Na konteri?”

“Konteri imekufa. Nani anasema uongo hapa, mimi ao konteri?”

Mkaguzi akija, atafungua mlango, atasoma elfu arobaini na kitu, ataiweka kando ya laki moja iliyo kwenye fomu na kuandika udanganyifu. Fundi anajua hivyo. Ameanza kumfundisha mwanafunzi wake kujaza daftari.